Marehemu Aliyechimba Mtaro

Kila siku, kabla jua halijafika kwenye bati la shule, Hidaya Abubakari hupanda hadi kwenye tangi la maji la kijiji akiwa na mwanzi mkononi na daftari kwapani. Hafunui mfuniko kwanza. Huketi kwenye ukingo wa zege, huweka daftari magotini na kuandika kichwa cha habari chote: kipimo cha maji, tangi la Kwemsambia, siku, tarehe, mwezi, mwaka. Hapo ndipo hutumbukiza mwanzi, huutoa, huhesabu alama zilizolowa na kuandika idadi. Kisha hutoa rula ya mwanafunzi kwenye mfuko wa sweta na kupiga mstari wa mshazari kutoka chini ya tarakimu hiyo hadi mwisho wa ukurasa, pasibaki pa kuandika hata herufi moja. Ukurasa mzima kwa tarakimu moja. Mwenye duka la mjini Soni anakonunulia madaftari alimwuliza siku moja kama huwa anayapika na maharage.

Zamani hakuwa hivyo. Zamani alikuwa anaacha nafasi.

Hidaya ana miaka hamsini na minane. Alisoma hadi darasa la saba, na kilichombakia kutoka shuleni ni mwandiko: herufi zilizosimama wima, zinazolingana kimo, zisizofutwafutwa. Kwa mwandiko huo kijiji kilimfanya karani wa msaragambo, yaani kazi za pamoja, tangu mwaka 2002. Barabara ikikatika, choo cha shule kikibomoka, bomba la maji likihitaji mtaro, kila nyumba hutoa mtu mmoja mwenye jembe, na karani huandika. Kazi hiyo haina mshahara. Ina lawama, na kalamu hununua mwenyewe.

Ana namna yake ya kuandika, na si yake peke yake, aliirithi kwa karani aliyemtangulia. Majina hufuata nyumba zilivyopangana, kuanzia bondeni kwenda juu. Kila mtu hupimiwa hatua sita za kuchimba. Wazee na wajawazito hupewa nne. Aliyemaliza kipande chake huwekewa alama ya vema mbele ya jina. Asiyemaliza huachwa hivyo hivyo, na kila mtu atajua. Kichwa cha habari huandikwa mwisho, kazi ikishapimwa, kwa sababu kichwa ndicho kinachosema mtaro umefika wapi, na huwezi kusema umefika kabla haujafika. Na nyumba yenye msiba huandikwa kwa jina la marehemu mpaka arobaini yake ipite. Anayekuja na jembe ni mjane au mwanawe, lakini nyumba bado ni ya aliyekufa. Kumfuta mapema ni kumfukuza. Waislamu wa Kwemsambia hufanya hivyo na Walutheri wa Kwemsambia hufanya hivyo, na katika miaka yote hiyo hakuna aliyeona haja ya kuuliza kwa nini.

Mwezi wa tano mwaka 2019 walichimba mtaro wa bomba kutoka kwenye banio la chemchemi, pale maji yanapokingwa, ndani ya msitu wa hifadhi wa kijiji, kushuka hadi kwenye tangi. Nyumba themanini na saba zilitoa watu. Saa sita mvua ikashuka kama ilivyo kawaida yake mwezi huo, udongo ukawa uji, watu wakatawanyika. Hidaya alikuwa ameshaandika majina yote na kuweka alama sabini na tisa. Kipimo cha mtaro kilikuwa bado. Akaiweka karatasi juu ya meza ya mtendaji wa kijiji, chini ya jiwe, ili arudi kesho yake kuandika kichwa. Asubuhi alipokwenda, mtendaji, aliyeitwa Benjamini, alimwambia kwamba amekwisha kuimalizia mwenyewe. Akamwambia apumzike, karani naye ni binadamu.

Hidaya alimshukuru. Hilo la kumshukuru ndilo linalomuuma kuliko yote.

Miaka miwili baadaye mashine za kukatia miti zililia msituni siku tatu mfululizo. Mikulo, miti mikubwa ambayo babu zetu waliiacha kwa makusudi, ili maji yasikimbie, ililazwa kama mahindi. Pakachorwa barabara, pakasimama uzio, na kwenye uzio kibao chenye picha ya nyumba za mapumziko zinazotazama mji wa Lushoto, kwa ajili ya watu wa Dar es Salaam wanaotaka baridi mwisho wa wiki. Ekari thelathini na mbili. Banio letu lilikuwa ndani ya uzio. Ili kwenda kuzibua bomba letu wenyewe, ilibidi tumwombe mlinzi.

Aliyekwenda kuuliza alikuwa Hezekia, mwalimu mstaafu, mtu mkimya ambaye alikuwa hajawahi kugombana hata na majirani wa mpaka wake. Alizungushwa ofisi hadi ofisi kwa majuma saba. Mwishowe akapewa nakala ya karatasi moja, na jioni hiyo hiyo hakwenda kwake, alikwenda jikoni kwa Hidaya. Aliitandaza karatasi juu ya ungo wa mchele.

Juu kabisa pameandikwa, kwa mwandiko wa kulala, mwandiko wa Benjamini: mahudhurio ya mkutano mkuu wa kijiji, kujadili na kuridhia kuondoa ekari thelathini na mbili katika msitu wa hifadhi na kumpatia mwekezaji. Chini yake majina themanini na saba, yamesimama wima, yanalingana kimo. Mbele ya sabini na tisa kati yake kuna alama ya vema. Na chini kabisa, tena kwa mwandiko ule wa kulala: walioridhia 79, wasioridhia 8.

Jasho la watu waliochimba mtaro wa maji lilikuwa limegeuzwa kura za kuyauza maji hayo. Hata wale wanane walioshindwa kumaliza hatua zao, mmoja kwa sababu jembe lilivunjika mpini, walipewa heshima ya kupinga.

Benjamini alikuwa amehamishwa kabla ya hapo. Alipandishwa cheo.

Kwa hiyo wa kulaumiwa aliyebaki kijijini alikuwa mmoja. Mwandiko unajulikana. Kwenye kilula, bomba la kijiji la kuchotea maji, wanawake walimwachia nafasi Hidaya achote wa kwanza, kwa adabu ya kejeli, kama mtu anayemkaribisha mgeni rasmi. Mmoja alimwita mama mwenye hoteli. Mwingine akamwomba na yeye amwandike, angalau apate chumba kimoja chenye dirisha. Alikuwa Tatu, jirani yake wa ukuta kwa ukuta, aliyekuwa mjane, na lilichekesha kwa sababu Tatu hajui kutania, akitania ujue amekasirika. Hidaya alijaza ndoo yake, akajitwika, akaondoka. Tangu kesho yake alianza kupanda kwenye tangi na mwanzi. Alikata alama kumi kwa kisu. Mara ya kwanza maji yalifika alama ya tisa.

Hezekia na wenzake sita walifungua shauri kwenye baraza la ardhi. Mimi nilikuwa nimerudi nyumbani kutoka chuo, sina kazi, nina kompyuta, basi wakanipa kuchapa maelezo yao. Ndivyo nilivyoyajua haya. Shauri halikufika mbali. Wakili wa kampuni ya yule mwekezaji alileta pingamizi la awali: mmeishtaki serikali ya kijiji, na serikali haishtakiwi bila kupewa taarifa ya siku tisini, tena hamkupaswa kuja hapa, mlipaswa kwenda Mahakama Kuu. Likatupwa, na gharama juu yao. Hakuna aliyesema msitu ni wa nani. Hakuna aliyeitazama karatasi. Walirudi nyumbani wakahesabu siku tisini kama watu waliofunga, na katika siku hizo tisini kampuni ilimwaga misingi ya nyumba kumi na moja. Sheria iliyowataka wanakijiji wasubiri haikumtaka mwenye zege asubiri. Nimeisoma mara nyingi kutafuta mahali inapomtaka. Sijapaona.

Safari ya pili walikwenda Tanga, wakiwa na wakili kutoka kituo cha msaada wa kisheria, mwanamke aitwaye Modesta. Modesta alipanda hadi kijijini, akaketi jikoni kwa Hidaya, akapitisha kidole kwenye majina yote themanini na saba huku akiuliza kila mmoja ni nani. Alipofika la arobaini na moja, Twaha Mbaraka, Hidaya alisema huyo ni mume wa Tatu, alikuwa amefariki.

Modesta akauliza amefariki lini.

"Siku ishirini na tatu kabla ya mtaro," Hidaya alisema. "Alikuja Tatu. Alimaliza hatua sita zote, akasaidia na za jirani."

Modesta alicheka mpaka akashika ukuta. Kisha akaacha kucheka na kumtazama Hidaya kwa muda mrefu, na nafikiri aliona wakati ule ule yale yatakayokuja. Lakini hapakuwa na silaha nyingine. Kibali cha mazishi cha Twaha kilikuwepo, kimetunzwa na Tatu ndani ya msahafu. Mtu hawezi kuhudhuria mkutano mkuu akiwa kaburini, na kuridhia juu yake. Pamoja na kibali, Modesta alipeleka madaftari ya tangi, yote sita, yaonyeshe maji yalivyoshuka kutoka alama ya tisa hadi ya tano tangu miti ikatwe, ili mahakama iamuru uzio uvunjwe na banio lisafishwe.

Siku ya ushahidi walishuka Mombo alfajiri kupanda basi la Tanga. Tatu naye alikwenda, hakuambiwa na mtu. Kwenye korido ya mahakama wakili wa kampuni, kijana wa umri wa mtoto wa mwisho wa Hidaya, alipita na mafaili, akasimama, akainama kidogo.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu," Hidaya alimjibu, akamwuliza na hali ya wazazi wake.

Ndani, mwanangu huyo alimwuliza kama mwandiko ni wake. Akasema ni wake. Alimwuliza kama karani wa miaka kumi na saba, mtu mzima mwenye akili zake, huacha karatasi ya watu themanini na saba bila kichwa juu ya meza ya mtu. Akasema huacha, kwa sababu kipimo kilikuwa bado. Alianza kueleza mvua ilivyokuja, Kishambaa kikamtoka, jaji akamwomba kwa upole aseme Kiswahili. Hidaya alinyamaza kidogo kuyatafuta maneno, na kile kimya, kwa mtu asiyemjua, kilifanana na kimya cha mwongo.

Modesta alipotoa kibali cha mazishi, watu waliokaa nyuma waliguna. Mmoja alisema taratibu kwamba kampuni imepata mwanahisa wa ahera. Jaji aliandika kitu. Kwa muda wa kama dakika tano tulikuwa tumeshinda.

Kisha yule kijana akasimama tena.

"Shahidi, uliliandika jina la Twaha Mbaraka ukijua amekufa?"

Hidaya alianza kusema kwamba kwao nyumba ikiwa na msiba...

"Ndiyo au hapana, mama."

"Ndiyo."

"Ukaweka na alama kwamba amefanya kazi?"

"Ndiyo."

"Ni mara ya kwanza kumwandika marehemu kana kwamba yu hai?"

Angeweza kusema ndiyo. Hapakuwa na mtu wa kumbishia, karatasi nyingine hazikuwepo pale. Hidaya alisema hapana, amewaandika wengi, akaanza kuwataja, bondeni kwenda juu, kila nyumba na mwaka wake, mpaka jaji akamwambia inatosha. Wakili alikaa chini bila kuuliza tena. Hakuwa na haja. Tatu, kule nyuma, alisimama akasema kwa sauti ya kawaida, kama anayejibu salamu, kwamba mtaro aliuchimba yeye. Askari alimwambia akae.

Hukumu ilitoka baada ya miezi kumi na mmoja. Niliisoma mimi kwa sauti kwenye ukumbi wa shule, kurasa thelathini na nne. Mahakama ilisema karatasi ya mahudhurio haithibitishi kwamba mkutano mkuu ulifanyika. Kwa hiyo kuondolewa kwa ekari thelathini na mbili katika hifadhi ni batili. Watu walianza kupiga makofi, Hezekia akawainulia mkono wangoje.

Sababu ya kuikataa karatasi ilikuwa ukurasa wa pili kutoka hapo. Haikuwa Benjamini. Jina la Benjamini lilitajwa mara moja tu, kama aliyekuwa mtendaji. Mahakama ilisema karatasi haifai kwa kuwa aliyeiandika, kwa kukiri kwake mwenyewe, ana mazoea ya kuandika watu waliokufa kuwa wapo na wamefanya kazi, na kwamba kumbukumbu za shahidi huyo haziwezi kutegemewa kwa jambo lolote. Na kwa kuwa haziwezi kutegemewa kwa jambo lolote, madaftari sita ya tangi nayo yaliwekwa kando. Madhara kwa chemchemi hayakuthibitishwa. Amri ya kuvunja uzio haikutolewa. Amri ya kusafisha banio haikutolewa.

Niseme wazi nilichokisoma, maana waungwana wengi niliowasimulia wameniambia tushukuru, tulishinda. Mtu aliyeghushi hakuulizwa hata jina la baba yake. Mtu aliyesema kweli, hata ile iliyomuumiza, ndiye aliyeandikwa katika hukumu ya nchi kwamba haaminiki. Ardhi imerudi kuwa msitu wa hifadhi, na ndani ya msitu huo wa hifadhi kuna nyumba kumi na moja, nne zimeezekwa, zina taa, na mlinzi bado anatuuliza tunakwenda wapi. Kampuni imekata rufaa. Mpaka rufaa isikilizwe kila kitu kikae kama kilivyo, na kilivyo ni kwamba wao wako ndani na sisi tuko nje.

Hidaya aliniomba nimsomee ile sehemu yake mara ya pili. Nikamsomea. Akauliza ni ukurasa wa ngapi, akaandika namba kiganjani, akaenda zake kukamua ng'ombe.

Kwenye kilula, siku iliyofuata, wanawake walimwachia tena nafasi achote wa kwanza. Safari hii hakuna aliyesema kitu. Tatu alimshikia ndoo.

Modesta alimwandikia barua ndefu. Alimtaka, kwa ajili ya rufaa, tangu sasa aandike walio hai tu: jina la anayeshika jembe, sahihi yake au dole gumba, kichwa cha habari kabla ya jina la kwanza. Hidaya aliyafuata yale ya kichwa cha habari, alikuwa ameshaanza mwenyewe. Akaongeza na rula.

Hezekia alifariki mwezi uliopita. Presha, walisema hospitali. Alizikwa Jumapili baada ya ibada, mvua ikinyesha, na kwenye kaburi lake ukigeuka unaona yale mapaa manne mapya, mekundu, juu ya tangi. Rufaa ina jina lake mbele. Modesta anashughulikia nani asimame mahali pake. Keshokutwa, Jumamosi, kuna msaragambo wa kuzoa tope linaloshuka kutoka kwenye uzio na kuziba bomba. Kila nyumba itatoa mtu. Raheli, mjane wa Hezekia, amekwisha kunoa jembe, nimeliona limeegemezwa mlangoni.

Leo asubuhi nilipanda na Hidaya hadi kwenye tangi. Aliandika kichwa. Alitumbukiza mwanzi, ukatoka umelowa hadi alama ya nne. Aliandika nne, akapiga mstari wake, akafunga daftari. Nilikuwa na swali moja, nililibeba tangu msibani na nilikuwa naona haya kuliuliza. Nikamwuliza: Jumamosi Raheli akija na jembe lake, na barua ya wakili iko nyumbani kwako, na rufaa inakuja, utaandika jina la nani?

"Hezekia," alisema. "Arobaini yake bado."